Maji ya Yazdi, Kijiji cha Azimio

Ulikuwepo. Usiniambie hukuwepo. Ilikuwa Juni mwaka sabini na tano, saa nne asubuhi, na basi la Mwimbi lilisimama mbele ya ofisi ya kata ili dereva aongeze maji kwenye rejeta. Wewe ulikaa upande wa dirisha. Ulimwona mwanamke mwenye mimba, ngata bado iko kichwani, na ndoo yake iko mikononi mwa mgambo. Ulimwona Katibu Kata akionyesha chini kwa kidole, mgambo akainamisha ndoo, na maji yakaingia kwenye vumbi. Wakati huohuo dereva wenu alikuwa amepewa debe zima kwa ajili ya rejeta. Uliyaona yote mawili. Kisha ukamgeukia jirani yako kumuuliza bei ya maharage huko mwendako.

Mimi nimekaa nalo miaka minne. Sasa nataka ulisikie lote, maana halijaisha, na safari hii hakuna jirani wa kumgeukia.

Yule mwanamke anaitwa Bertilla, binti wa Mzee Gaudensi. Kosa lake lilikuwa kuteka maji Kapembe.

Kapembe ni kwetu. Sisi Wafipa hatukuwa watu wa kukaa nyumba moja moja porini, kila mtu na kichaka chake. Kapembe ilikuwa na nyumba mia moja na kumi, ukuta wa huyu unagusa ua wa yule, mtu akikohoa tunajua kikohozi ni cha nani. Tulikuwa kijiji kabla ya kijiji kuwa amri. Hata hivyo Septemba ya sabini na nne malori yakaja kutukusanya, sisi tuliokwisha kukusanyika. Sababu ni barabara. Aliyechora ramani alitaka kijiji kinachoonekana na mtu aliye ndani ya gari. Wakapakia vitanda, mitungi, mbuzi, vikongwe. Wakachoma mapaa ili pasiwe na pa kurudi. Wakatushusha kwenye tambarare kavu, wakatupimia viwanja kwa kamba, wakapaita Azimio.

Chemchemi haikupakiwa kwenye lori.

Ilibaki Kapembe, mwendo wa saa moja na nusu kwenda, na saa mbili kurudi kwa sababu ya mzigo. Kisha ikatoka amri nyingine: atakayekutwa mahameni ni mtoro, anapinga maendeleo. Ndiyo maana siku ile, basi lenu likiwa limesimama, yalisemwa haya ambayo wewe kwa dirisha lililofungwa hukuyasikia:

"Ndugu, maji haya umeyatoa wapi?"

"Kwenye ndoo, Katibu. Nimetoa wapi tena?"

Watu waliokuwa wamepanga foleni ya mbolea wakacheka. Katibu hakucheka.

"Nakuuliza ulikoyateka."

"Pale mlipotutoa."

"Pale ni mahame. Hapaishi mtu."

"Sikwenda kuishi. Nilikwenda kuteka."

Ndipo kidole kikaonyesha chini. Bertilla aliyatazama maji mpaka vumbi likayamaliza. Akachukua ndoo tupu, akaiweka juu ya ngata vilevile kama iliyojaa, akasema, "Kesho nitapita tena, Katibu. Mwambie mgambo wako apumzishe mkono."

Nisimseme Katibu vibaya kuliko alivyo. Anaitwa Anyosisye, alitoka Mbeya, mwimbaji mzuri wa kwaya, na aliandika mkoani mara tatu kuomba maji. Nakala za barua nimeziona kwa macho yangu. Majibu sikuyaona, kwa sababu hayakuja. Mtu aliyeomba mara tatu asijibiwe ana njia mbili, amgeukie aliyemnyima au awageukie walio chini yake. Yeye alichagua iliyo rahisi.

Mimi, Adolfu, nilikuwa mwalimu wa kisomo cha watu wazima. Usishtuke, shule nimeishia darasa la nne. Mengine niliyapata kwa ufagio. Miaka saba nilifagia maktaba ya mapadri, na vumbi la kitabu huwezi kulifuta vizuri bila kukifungua. Vitabu vilivyokufa majalada nilipewa nikawashie moto. Sikuwasha.

Sasa, kitabu cha kisomo kilicholetwa Azimio kilikuwa cha kilimo bora cha pamba. Pamba! Huku juu, ambako Julai unajifunika blanketi mbili na bado meno yanagongana. Mwezi mzima wazee wangu walisoma habari za funza wa pamba, mdudu ambaye hakuna hata mmoja wao aliyepata kumwona. Jioni moja Adriano, ambaye mzaha ndio ulikuwa mkate wake, akafunga daftari.

"Mwalimu, huyu funza akifika Azimio atakufa kwa kiu. Tusome kitu kingine."

Basi nikaleta kimoja cha vile visivyo na majalada. Kilikuwa cha Kiingereza, nikawa nakigeuza kwa Kiswahili ubaoni, sentensi tatu kila jioni, kamusi pajani. Kilihusu mji wa Yazdi, nchi ya Uajemi.

Yazdi iko kati ya jangwa na jangwa. Mvua yake ya mwaka mzima sisi tunaipata kwa wiki. Nyumba ni za udongo kama zetu, ila juu ya paa kuna mnara wenye matundu ya kunasa upepo na kuushusha sebuleni. Mji ni wa kale mno. Walikaa humo watu wanaoutunza moto wa ibada, na wanasema moto wao mmoja haujazimika kwa miaka elfu na mia tano. Waarabu wakaja na dini yao, na wale wa moto wakatozwa kodi ya kichwa, wakakatazwa kupanda punda mbele ya wenye mji, wakakatazwa kujenga nyumba ndefu. Wakabaki. Wakaja Wamongoli. Kila mfalme aliyeingia Yazdi alikuta bustani za makomamanga katikati ya mchanga, akauliza maji yanatoka wapi, kwa maana hakuona mto. Alikuwa amesimama juu yake.

Hapo nikachukua chaki. Nikachora. Wanapanda hadi chini ya mlima, wanachimba kisima kirefu mpaka wakute maji. Hicho wanakiita kisima mama. Halafu hawayavuti kwa kamba, hapana. Wanatoboa njia chini kwa chini, yenye mteremko mdogo sana, kutoka kisima mama mpaka mjini, maili kumi, ishirini, na kila baada ya hatua kadhaa wanatoboa shimo la kupumulia na kutolea udongo. Maji yanatembea yenyewe gizani, jua halinywi hata tone. Wachimbaji wanavaa nguo nyeupe, kwa sababu njia ikiwaangukia wanakuwa tayari na sanda.

"Wanajuaje kama hawapindi?" Huyo alikuwa Mzee Gaudensi. Tangu darasa lianze hakuwa amefungua kinywa.

"Wanaweka taa mbili nyuma yao, mzee. Anayechimba akigeuka anaona taa moja tu, ya mbele imefunika ya nyuma, basi yuko sawa. Akiona mbili, amepinda."

"Na hewa ikiisha?"

"Taa inazimika kabla yao."

Akasema, "Hao ni mafundi. Mimi nawajua hao."

Gaudensi ni mtu wa mwisho Kapembe aliyesimama mbele ya ilungu, lile tanuru la udongo la kuyeyushia chuma, refu kupita watu wawili waliopandana. Kabla mabati na majembe ya dukani hayajaua kazi yao, alikwishachimba mawe ya chuma katika mashimo ambayo ukiingia unatoka kwa kuvutwa miguu. Nilikuwa nasoma habari za wageni. Yeye alikuwa anasikia habari za kazi.

Bertilla alikuwa amekaa nyuma, tumbo limemfika kooni. Akauliza, "Na wanawake wa huko wanatekea wapi?"

"Chini ya nyumba. Zimo ngazi, arobaini hivi. Wanashuka mpaka kwenye maji, wanateka, wanapanda."

"Ngazi arobaini," akasema. "Mimi ningezifagia kila siku."

Tulianza kuchimba mwisho wa Julai, wanaume kumi na wanne. Sululu, karai, kamba za katani, na gurudumu la mti alilolichonga Gaudensi. Nguo nyeupe tulizipata kwenye mifuko ya unga wa msaada, tukatoboa pa kupitisha kichwa na mikono. Mgongoni mwa Adriano palikuwa na picha ya mikono miwili inayopeana salamu. Kazi ilianza alfajiri kabla ya shamba la kijiji, ili Katibu asipate la kusema.

Na hapa ndipo tulipokosea, kosa ambalo asingelifanya mtu mwingine yeyote ila Mfipa. Kwenye ilungu, chuma kilikuwa na miiko. Mwanamke hakaribii. Mwanamume aliyelala na mkewe hakaribii. Wakiivunja, mawe yanakataa kuyeyuka. Gaudensi hakujua namna nyingine ya kuliheshimu shimo. Akazungushia ua wa matawi, akatuwekea kibanda chetu cha kulala, na chakula wanawake wakawa wanakiacha njiani kwenye jiwe, kama tunaugua ndui. Sehemu ya kuchimba pia aliichagua kwa jicho la ilungu: pale jiwe jekundu zito linapotokeza mlimani. Alikuwa akitafuta maji mahali ambapo angetafuta chuma.

Tulichimba Agosti. Bertilla akajifungua mtoto wa kike, Fransiska, akaoshwa kwa maji ya birika moja. Tulichimba Septemba. Visima vitatu, cha mwisho pima kumi na moja, na chini yake vumbi jekundu kama la juu. Katibu akaniita ofisini, akaniambia amepata habari kwamba ninafundisha wananchi mambo ya nchi yenye mfalme badala ya pamba.

"Ndugu Adolfu, unaleta usultani hapa?"

"Naleta kisima, ndugu Katibu."

"Kiko wapi?"

Nilifutwa ualimu siku hiyo.

Wiki ya pili ya Oktoba ukuta wa kisima cha tatu ukaachia. Adriano alikuwa chini. Tulimfukua kwa mikono mpaka kifuani, tukamvuta, mguu wa kushoto ukatoka umeelekea kusikoelekea mguu. Alikuwa amejaa mchanga machoni na mdomoni, na hatukuwa na maji ya kumwosha uso. Tulimtemea mate tukamfuta. Naandika hili ulijue: watu wazima tuliotoka jasho siku sabini kutafuta maji tulimwosha mwenzetu kwa mate.

Bertilla aliusikia ukelele. Akaja na mtoto mgongoni, akafika kwenye ua wa matawi, akaukanyaga.

Baba yake alinyoosha mkono. "Rudi nyuma, mama. Utaharibu kazi."

"Kazi ipi, baba? Iliyomvunja Adriano mguu?"

"Unajua mwiko."

"Naujua. Ilungu ilikuwa moto, na mambo ya moto ni yenu, sijawahi kuyaingilia. Haya ni maji. Nionyeshe mwanamume mmoja hapa aliyewahi kujitwika ndoo kutoka Kapembe, nimpigie magoti, nimwamkie shikamoo, niende zangu."

Tulikuwa kumi na watatu tuliosimama na mmoja aliyelala. Kila mmoja akaangalia vidole vyake vya miguu.

"Mmevaa sanda," akaendelea, na sauti yake sasa ilikuwa imeshuka, "na hata maji ya kuwaoshea maiti hamna. Wanawake wa nyumba mia moja na kumi za kijiji hiki wameinama kwenye udongo huu tangu tulipotupwa hapa. Hamkumwuliza hata mmoja."

Adriano, pale chini, akiuma mkono wa shati kwa maumivu, akasema, "Mzee, mwulize. Mimi mguu wangu mwingine bado naupenda."

Nimewaona wanaume wengi wakishindwa hoja. Wengi huongeza sauti. Gaudensi alivua mfuko wake wa unga, akaukung'uta vumbi, akasimama nao mkononi. Halafu akauliza neno moja.

"Wapi?"

Bertilla alituongoza kushoto, hatua mia nne, mpaka chini ya shamba la Agnesi mjane. Pale wanawake walikuwa wamelima ntumba mwisho wa mvua, yale matuta ya mviringo ambayo sisi tunafukia majani ndani yake yaoze yawe mbolea. Bwana shamba alikuwa ameyakataza, akitaka mistari iliyonyooka. Wao wakayaficha nyuma ya kilima. Bertilla alipiga jembe mara mbili kwenye ntumba moja, akalipasua. Ndani udongo ulikuwa mweusi, na majani yaliyooza yakamshika vidole. Akaufinya. Mkono ukalowa.

"Oktoba, baba," akasema. "Hakujanyesha tangu Aprili. Na yale majani membamba pale, yanayokata vidole, umewahi kuyaona yanakauka?"

"Sikuyaangalia."

"Mimi huyakata kila wiki."

Kuanzia siku hiyo hapakuwa na ua wala kibanda. Wanawake walivuta kamba na kubeba udongo. Agnesi mjane, aliyekuwa mwembamba kuliko wote, akawa anaingia mahali ambapo mabega ya wanaume hayapiti. Bertilla alishuka kisima mama kipya tulichokianza pale. Mtoto alinitupia mimi, mwalimu aliyefutwa kazi, na nilijifunza kwamba Fransiska hatulii mpaka asomewe kitu kwa sauti. Nikamsomea habari za Yazdi, za wale walionyimwa punda.

Pima ya saba, koroboi ikawa inatoa moshi mzito. Pima ya nane, tukasikia sululu imebadilisha mlio. Bertilla hakupiga kelele. Kamba ilitikiswa mara tatu, tukavuta karai, na ndani ya karai mlikuwa na tope, na juu ya tope, upana wa kiganja, maji.

Gaudensi aliyachota kwa kidole, akaonja. "Yana chuma," akasema, na huo ndio ushindi pekee aliojipa.

Njia yenyewe tuliitoboa msimu mzima uliofuata, taa mbili nyuma, mashimo kumi na moja kutoka kisima mama mpaka katikati ya Azimio. Septemba ya sabini na sita maji yalitoka kwenye tundu la ukubwa wa kichwa cha mtu, yakaingia birika la mawe tulilojenga. Hakuna mashine. Hakuna kamba. Yanatembea yenyewe. Utanisamehe, ndugu msomaji, nililia.

Watu wa Yazdi hawagawani maji kwa maneno matupu. Wana bakuli la shaba lenye tundu chini. Linaelea ndani ya bakuli kubwa, linajaa polepole, likizama zamu imekwisha. Gaudensi alitoa jembe la mwisho lililoyeyushwa Kapembe, akalifua likawa bakuli, akalitoboa kwa msumari. Kijiji kikamchagua Bertilla alisimamie. Siku ya tatu alikuja mgambo, yuleyule, anasukuma pipa.

"Nimetumwa na Katibu. Anasema ajaziwe hili kwanza, ana wageni."

"Katibu ana nyumba ngapi?"

"Si unajua? Moja."

"Basi ana bakuli moja. Akae nyuma ya Agnesi."

Pipa likarudi tupu. Tulingoja mgambo wote waje. Akaja Anyosisye peke yake, mchana kweupe, kashika ndoo yake mwenyewe, akasimama nyuma ya Agnesi. Watu wakawa wanakohoa ili wasicheke. Zamu yake ilipofika, Bertilla akaliweka bakuli juu ya maji.

"Karibu, Katibu. Haya hayatoki mahameni."

"Asante, mama Fransiska." Halafu, bakuli likiwa nusu, akaongeza taratibu, "Mke wangu anakusalimu."

Hapo ningeweza kuweka kalamu chini, nawe ungeridhika, ungesema kumbe mambo yalikwisha vizuri. Hayakwisha.

Mwaka jana Juni ililetwa mashine ya dizeli. Ikajengewa nyumba ya matofali, ikafungwa utepe, wakubwa wakaja, ngoma ikachezwa, picha zikapigwa. Ilivuta maji siku kumi na sita. Kisha dizeli ikaisha, na vita vya Uganda vikaanza, tukaambiwa mafuta yamekwenda mstari wa mbele. Hatukunung'unika; watoto wa kijiji hiki nao walikwenda. Vita vimekwisha tangu katikati ya mwaka, dizeli haijarudi. Ndani ya nyumba ya mashine kuku wanaatamia. Lakini kwenye taarifa, Azimio ni kijiji chenye maji ya mashine. Taarifa imepanda mkoani na haiwezi kushushwa.

Januari redio ilitangaza kwamba mfalme wa Uajemi ameikimbia nchi yake kwa ndege. Katibu alinitazama kana kwamba mimi ndiye niliyemfungia mfalme mizigo. Mimi nilifikiria birika. Nikajua kwamba Yazdi asubuhi ile, mfalme yuko angani, maji yalikuwa yanapita chini ya nyumba kama jana.

Sasa kuna tume inakuja kukagua. Tume itauliza: kama mashine inafanya kazi, hawa wanawake wanateka wapi? Ndiyo maana Jumatano iliyopita Anyosisye alitufikia birikani na karatasi. Aliisoma bila kutuangalia. Mashimo yote ya kienyeji ni hatari kwa usalama wa wananchi na mifugo. Yafukiwe kwa trekta Jumatatu. Mhusika mkuu, Bertilla Gaudensi, afike wilayani kujieleza.

"Tutakunywa nini, Katibu?" akauliza Agnesi.

"Maji ya mashine."

"Wapi?"

"Kijiji hakiwezi kuwa na maji ya aina mbili, mama. Ndivyo ilivyoandikwa. Mimi nasaini tu."

Bertilla alikuwa ameshika bakuli. Fransiska, miaka minne, alikuwa amening'inia kwenye kitenge chake. "Katibu," akasema, "mwaka ule uliyamwaga ya ndoo. Haya huwezi kuyainamisha. Itabidi utufukie sisi."

Katibu alidhani anatisha tu. Lakini jioni Bertilla aliingia akakaa kwenye shimo la kwanza, lile la kisima mama, miguu ndani, kiuno kimefungwa kamba. Wilayani hakwenda. Asubuhi yake wakaja wengine. Sasa sikiliza hesabu hii vizuri, maana imebeba maisha yao.

Dereva wa trekta ni Sadoki, wa Chanji. Nilimfuata nyumbani kwake, akanikaribisha kiti, akanipa chai. Akaniambia, "Kaka, nina familia, nikikataa amri nafukuzwa. Shimo tupu nitalifukia. Lakini shimo lenye mtu siwezi. Hilo hata aje nani, nazima injini." Nikamwuliza kama anaapa. Akaapa, mkewe akisikia.

Mashimo ni kumi na moja. Bertilla yuko la kwanza. Mzee Gaudensi, aliyewahi kuwazungushia wanawake ua wa matawi, amejifunga kamba kwenye la pili, kavaa mfuko wake wa unga. Adriano na mkongojo wake, la tatu. Agnesi, la tano. La sita, la tisa na la kumi na moja yana wanawake watatu wa Kapembe. Hao ni saba. Wengine wametishwa kunyang'anywa viwanja. Siwalaumu, wana watoto. Mimi natembea na karatasi hizi, nikishazigawa nitakalia la kumi.

La nne, la saba na la nane hayana mtu. Na unajua sasa jinsi njia ya Yazdi ilivyo: likifukiwa moja, udongo unaziba chini, maji yanarudi nyuma, kuta zinalowa, njia yote inaanguka. Hao saba watakuwa wamekaa bure juu ya kaburi la maji yao, mwezi huu wa Oktoba, mvua ikiwa mbali wiki sita.

Leo ni Ijumaa. Usimwandikie mtu barua. Usiniambie utaliombea kanisani, wala kwamba utamwuliza fulani aliye mkoani. Chukua kamba ya katani ya pima mbili na kitu cha kujifunika kichwa, jua la huku unalijua. Ukifika Azimio usiulize ofisi. Ufuate mstari wa malundo ya udongo mwekundu nyuma ya nyumba, uhesabu kutoka mlimani. La nane ndilo lenye ukuta laini kuliko yote, ndilo litakaloanza kuziba. Anza hilo; la nne na la saba wataingia wengine watakaosoma karatasi hizi. Funga kamba kiunoni, teremsha miguu ndani, ukae. Trekta likija, usisimame kwa lolote atakalokwambia mtu yeyote.

Kaa.